Filamu ya Kinyungu cha Mama

Mzungu aliyenifundisha kupiga filamu hakuweza kushuka bondeni. Mguu wake wa kushoto ulikuwa haukunjiki tangu vitani, na mabonde ya upande wa Mdandu yana kingo ambazo hata mbuzi huzishuka kwa kufikiri. Kwa hiyo yeye alikaa juu kwenye kiti cha turubai, amevaa sweta mbili, na mimi nikashuka na kamera yake. Hivyo ndivyo nilivyoingia katika kazi hiyo. Sikuchaguliwa kwa kipaji, nilichaguliwa kwa magoti yangu.

Nilikuwa na miaka ishirini na sita, mwalimu wa shule ya misheni, Mlutheri mtoto wa Walutheri, nikiishi katika nyumba ya shule, mwendo wa saa moja kwa miguu kutoka kwa mama yangu. Baba alikuwa amekwisha kufariki. Ilikuwa miaka michache kabla ya Uhuru. Bendera ya Mwingereza ilikuwa bado inapepea bomani Njombe, na wanafunzi wetu walikuwa bado wakisimama kila Mzungu anapoingia darasani, hata aliyekuja kuuliza njia tu. Huyu hakuja kuuliza njia. Alikuja kumwambia mkuu wa shule kwamba anahitaji mtu mwenye subira, anayejua Kibena, asiyeogopa kulowa. Mkuu wa shule akanitoa mimi, siku za Jumamosi na za likizo, kama mtu anavyoazimisha jembe. Mimi sikuulizwa.

Alikuwa mpima ardhi mstaafu. Alikuwa amepima barabara na mipaka ya mashamba ya miwati, ile miti ya magome ya kutengenezea ngozi, na sasa kiinua mgongo chake alikuwa amekigeuza kamera na mikanda.

"Nimeipima nchi hii miaka mingi," aliniambia siku ya kwanza, kwa Kiswahili chake kizuri cha ofisini, "na katika ramani zangu zote hamna mtu hata mmoja. Nataka kutengeneza filamu fupi, Mwalimu. Bonde moja, mwaka mmoja. Maji, nyasi, mianzi, na watu wanaoishi navyo. Sitaki mfadhili, maana anayetoa fedha atataka atie na maneno yake."

Niliyapenda sana maneno hayo. Baadaye ndiyo yaliyonikera kuliko yote aliyowahi kusema.

Kamera yenyewe ilikuwa chuma kitupu, nzito kama pasi ya mkaa. Haikutumia umeme. Ilikuwa na ufunguo ubavuni, unaouzungusha kama wa saa ya ukutani, na ukishajaa inakwenda kwa muda wa kusema Baba Yetu bila haraka, halafu inasimama yenyewe. Mkanda mmoja ulikwisha ndani ya dakika tatu hivi. Mikanda ilitoka Ulaya, na ikishapigwa ilirudi Ulaya kusafishwa, kwa hiyo picha uliyoipiga leo hukujua kama ipo mpaka miezi ipite. Hata barua ya posa hujibiwa upesi kuliko hapo.

Jumamosi nne za mwanzo hakunipa mkanda. Nilizungusha ufunguo, nikaelekeza kamera tupu kwa ng'ombe, kwa wanawake waliobeba kuni, kwa moshi uliokuwa unatoka kwenye paa la jikoni, naye kila mara alitikisa kichwa.

"Usimfuate ng'ombe," alisema. "Simama. Mwache aingie, apite, atoke. Ng'ombe ndiye anayetembea, si wewe."

Niliudhika, maana darasani mimi ndiye niliyekuwa nasahihisha watu. Lakini Jumamosi ya nne nilianza kuelewa. Ukijua una nusu dakika tu, unaanza kuona mambo uliyopita nayo tangu utotoni. Niliona kwamba mama yangu, kabla hajainua jembe, hugusa udongo kwa kisigino. Miaka yote hiyo sikuwahi kuliona hilo.

Tulianza na mianzi, kwa sababu ilikuwa wakati wa mvua na ulanzi, ile pombe ya mianzi, ulikuwa unatoka. Jirani yetu mmoja, mzee mwenye mianzi mingi kuliko wote pale, alikubali tumpige akigema. Asubuhi ya siku hiyo tulimkuta amevaa koti lake la kanisani. Akasimama wima mbele ya mianzi, mikono ubavuni, macho hayapepesi. Nikaiwasha kamera. Ufunguo ukaisha, mzee hajatikisika.

"Mzee, fanya kazi yako kama kawaida," nilimwambia.

"Nikifanya kazi nitatoka vibaya," alisema. "Picha inataka mtu atulie. Nilipigwa moja Iringa, najua."

Nilimweleza picha hii inatembea. Akanitazama kama mtu anayedanganywa na mtoto aliyemwona akizaliwa. Tulipoteza karibu mkanda mzima tukimpiga mzee amesimama. Mwishowe nilimwambia tumemaliza, nikaweka kamera kwenye miguu yake mitatu, nikajifanya nafunga begi. Hapo akavua koti, akachukua kisu, akakata ncha ya mwanzi mchanga, kipande chembamba kama ukucha, akaurudishia kopo lake la kukingia ulanzi kwa mikono ambayo haikuhitaji macho. Nikampiga hapo hapo. Nilijua nimepata kitu. Nilijua pia nimemdanganya mzee wa watu, na sikujisikia vibaya kama nilivyopaswa.

Sehemu kubwa ya filamu ilikuwa iwe kinyungu cha mama. Asiyetoka kwetu huenda hajui kinyungu ni nini. Mvua zikiisha na juu kukikauka, chini mabondeni bado kuna unyevu. Wanawake hushuka wakafyeka majani, wakachimba mifereji maji yaliyotuama yapate njia, wakayalaza majani kwa mistari na kuyafunika kwa udongo mweusi, yaoze humo humo. Juu ya matuta hayo hupanda njegere, maharage, mahindi, na hivyo kipupwe na kiangazi chote nyumba inakuwa na chakula kibichi wakati mashamba ya mlimani yamelala. Mama alikipata kinyungu chake kwa bibi yangu. Alijua mfereji upi uzibwe lini, na alijua mahali ambapo pasiguswe kabisa, pale kijito kinapotoka chini ya matete. Watoto tulikatazwa hata kukanyaga pale.

Siku nilipompeleka Mzungu nyumbani, mama aliinama akamwamkia, "Kamwene," naye akaitikia vizuri, "Kamwene, mama." Mama alifurahi, akampa kiti na viazi vya kuchemsha. Halafu akanigeukia mimi, akasema kwa Kibena:

"Anataka nini hasa?"

"Anataka kukuona ukilima."

"Hajawahi kuona mtu akilima?"

"Anataka watu wengine wakuone."

"Na hao nao hawajawahi?"

Nikamwambia ni filamu ya kuonyesha jinsi tunavyoishi na bonde. Akafikiri kidogo, akasema sawa, maadamu nisichelewe kumsaidia mfereji wa chini. Nilichelewa. Sikuugusa mwaka ule.

Kipupwe kilipoingia, shida zikaanza. Mzungu aliketi ukingoni na darubini yake na filimbi. Filimbi moja, anza. Mbili, simama. Siku ya kwanza ilikuwa mbili, mbili, mbili. Nikapanda kumuuliza kuna nini.

"Baiskeli yako imeegemea kwenye kingo. Inaonekana."

"Ndiyo inayobeba njegere kwenda sokoni, Bwana."

"Najua. Lakini mtazamaji ataitazama baiskeli, hatalitazama bonde. Na mama yako avue sweta."

"Kuna baridi."

"Kwa muda mfupi tu, Mwalimu. Nataka aonekane vile watu walivyokuwa siku zote."

Nilitaka kumwambia kwamba watu siku zote huvaa kitu wakisikia baridi. Nilishuka nikamwomba mama avue sweta ya misheni, akavua, akalima asubuhi nzima amejifunga nguo moja kifuani, wakati ukungu umetulia juu ya maji kama maziwa yaliyomwagika. Picha hizo hazikutoka. Mwanga haukutosha. Mama alikohoa wiki nzima.

Ukungu wetu watu huusifu wakiwa wanapita kwa gari. Mwaka ule ulikaa bila kuondoka. Nilikwenda bondeni siku baada ya siku ya likizo, nikafuta kioo cha kamera kwa pindo la shati, nikasimama kwenye matope, nikasubiri. Mzungu alinyanyua kile kidude chake cha kupimia mwanga, akakitazama, akakirudisha mfukoni. Saa sita manyunyu, saa nane manyunyu. Wanawake wengine wa bonde walinipita wamebeba majembe. "Mwalimu, bado unasubiri jua?" wakaniuliza. Nami nikajibu kwa adabu, lakini rohoni nimejaa hasira, kwa sababu mama alikuwa analima mbele yangu, kwa ufundi wote ule, tuta baada ya tuta, na mimi sina ninaloweza kuchukua.

Jua lilitoka mama alipokuwa amemaliza. Na si kumaliza kulima tu. Njegere zilikuwa zimeota, urefu wa kidole, mistari mizuri ya kijani juu ya udongo mweusi.

Mzungu aliteremka mpaka nusu ya ukingo siku hiyo, akijikokota na fimbo, uso umekuwa mwekundu kwa furaha. "Mwanga huu," alisema. "Mwanga huu, Mwalimu. Mwambie aanze kulima."

"Amekwisha kulima, Bwana."

"Tuta moja tu. Alifukue, alilime upya, nasi tupige. Bila kulima hatuna filamu. Nina mikanda mitatu tu iliyobaki."

Hapa ndipo nilipopaswa kukataa. Nimeyarudia maneno ambayo ningemwambia mara nyingi kiasi kwamba siku nyingine nadhani niliyasema kweli. Ukweli ni kwamba mimi mwenyewe niliitaka picha hiyo kuliko yeye. Nilikuwa nimesimama kwenye matope siku zote zile. Nilikuwa nimekwisha kuona kichwani jinsi itakavyokuwa, kisigino kinagusa udongo, jembe linapanda, majani yanafunikwa. Nikamwendea mama.

"Nilime bure?" aliuliza.

"Tuta moja, mama."

"Na hizi njegere?"

"Tutapanda nyingine."

"Utapanda wewe?" aliuliza. "Ni wewe unayetaka au ni yeye?"

"Ni mimi," nilisema.

Alikwenda kwenye tuta la mwisho, karibu na mfereji, akainama, akaanza kung'oa miche mmoja mmoja na kuitupa pembeni. Niliiwasha kamera wakati huo huo. Sikuwa na sababu ya kupiga mtu anang'oa miche, haikuwa sehemu ya kulima, lakini mwanga ulikuwa umekaa mgongoni mwake na mikono yake ilikwenda polepole, na nilikuwa nimejifunza kutomfuata ng'ombe, kumwacha aingie na atoke. Nikampiga mpaka ufunguo ukaisha. Halafu akashika jembe akalima lile tuta upya, vizuri, bila kuharakisha na bila kunitazama hata mara moja. Ilikuwa picha nzuri kuliko zote nilizopiga. Alipomaliza akatwaa sweta yake akapanda kwenda nyumbani. Njegere za kupanda tena sikuzileta, kwa sababu wiki iliyofuata shule ilifunguliwa.

Mikanda ikaenda Ulaya. Mzungu naye hakukaa sana. Mguu ulimzidi, akapelekwa hospitali Dar es Salaam, na kutoka huko akasafirishwa kwao. Aliniandikia barua moja fupi kwamba picha zimetoka vizuri na filamu itamalizwa. Hakusema itamalizwa na nani. Mwaka ukapita, nikafundisha hesabu na historia ya Wafalme wa Uingereza, na nilipokuwa nikitembea kwenda kwa mama niliendelea kuona nusu dakika kila mahali, nikiwa sina cha kuzitilia.

Kisha gari la sinema likafika Makambako. Magari hayo yalizunguka wakati ule na mashine ya umeme na shuka kubwa nyeupe, yakaonyesha filamu za afya, za ufugaji, na za kuchekesha. Karani wa gari hilo alikuwa mtu wa pwani, na baridi ya Makambako ilikuwa imemkausha koo, sauti ikabaki kidogo tu. Akatuma salamu kwenye shule za karibu akiomba mwalimu anayesoma Kiswahili vizuri, amsaidie kusoma maneno kwenye kipaza sauti, maana filamu zenyewe hazikuwa na sauti yetu. Akaongeza kwamba safari hii kuna filamu ya bonde la upande wa Mdandu.

Nadhani sijawahi kufurahi vile. Nilimwomba mkuu wa shule ruhusa, nikamwambia kila mtu, nikamtafutia mama nafasi mbele ya lori, karibu na dereva. Makambako ilikuwa njia panda tu siku hizo, maduka machache ya Wahindi na Waarabu, malori yamesimama, na upepo unaopita moja kwa moja bila kukuzunguka. Watu walijaa uwanjani kabla jua halijazama. Mama alikaa mbele, juu ya gunia, kati ya wanawake wa Mdandu waliokuja naye. Alikuwa amejifunga kanga mpya.

Karani alinipa karatasi mashine ilipoanza kuunguruma. Nilimwomba nizisome kwanza. "Utasoma humo humo," alinong'ona, sauti yake ikikwaruza. "Mstari na picha, mstari na picha. Ni rahisi."

Ilianza na ukungu. Sikujua kwamba ukungu ulikuwa umetoka. Ulitembea juu ya maji kwenye shuka lile, na watu wote wakanyamaza. Nikasoma maneno kuhusu nchi ya juu yenye mvua nyingi. Akatokea mzee jirani, kisu mkononi, anakata ncha ya mwanzi, na watu wa Mdandu wakalitaja jina lake kwa sauti na kucheka kwa furaha. Nilikuwa naona kazi ya mikono yangu kwa mara ya kwanza, na ilikuwa nzuri, sisemi kwa kujisifu, ilikuwa nzuri.

Kisha akatokea mama. Macho yangu yalikuwa kwenye shuka zaidi kuliko kwenye karatasi, na mdomo ukaendelea wenyewe, kama mwalimu anavyoweza kusoma kitabu cha darasa akiwaza mengine. Nikasoma: "Lakini watu hawa hawajui kuitunza zawadi hii. Mama huyu analima kwenye chanzo cha maji. Mkulima asiye na mafunzo hung'oa hata kile alichokipanda."

Pale juu ya shuka, mkubwa kuliko nyumba, mama yangu alikuwa anang'oa njegere na kuzitupa.

Watu wa Makambako walicheka. Hawakuwa na ubaya, walichekea kitu kilichowekwa kiwachekeshe. Mimi nilielewa nilichosoma baada ya kicheko, si kabla. Sauti ikakatika. Nilijua la kusema. Ningeweza kusema kwa Kibena, pale pale, kwamba huyu ni mama yangu, na kwamba aling'oa miche kwa sababu nilimwomba. Kipaza sauti kilikuwa mkononi. Nikasimama tu, na tuta likaanza kulimwa kwenye shuka, ile picha nzuri, huku hakuna anayesema neno. Karani akanichukulia karatasi na kipaza sauti, akamalizia kwa sauti yake mbovu: mabonde yaachwe, watu walime mlimani kwa matuta ya kukinga maji, Bwana Shamba atawaelekeza.

Filamu ile ilikuwa ya dakika kumi na moja. Iliyofuata ilikuwa ya mtu mnene anayeanguka kwenye pipa.

Tulilala kwa shangazi yangu pale Makambako. Kiswahili cha mama kilikuwa cha sokoni, na nilijipa tumaini kwamba huenda hakufuata yote. Tulipofika kwa shangazi alikunja ile kanga, akaiweka kwenye kikapu, akasema:

"Sauti yako ilisikika vizuri. Mpaka nyuma walisikia."

"Mama, sikujua kilichoandikwa."

"Uliniambia ni filamu ya jinsi tunavyoishi na bonde."

"Ndivyo ilivyokuwa. Wameigeuza."

"Nani?"

"Sijui."

"Basi mbona ulinyamaza?"

Nikainama, nikaanza kufungua kamba za viatu.

Nilitumia wiki nyingi kumtafuta huyo "nani". Nilikwenda Njombe kwa baiskeli, nikakaa kwenye benchi bomani tangu saa tatu, nikaambiwa filamu si kazi ya ofisi ile. Nikaandika barua Dar es Salaam kwa Kiingereza changu bora, nikajibiwa kwamba barua yangu imepokelewa. Nikaandika tena, wakanijibu wamepokea na hiyo. Gari la sinema likaendelea na safari yake na filamu ile ndani, Iringa, Mbeya, sijui wapi kwingine, na kila mahali mtu mwingine akiwasomea watu yale maneno juu ya mgongo wa mama yangu.

Bondeni mambo yakawa mabaya zaidi. Msimu ule bwana shamba alifika, mtu wa Igwachanya, mpole, tuliyesoma naye. Akaweka vijiti kando ya kijito, akawaambia wanawake wasilime chini ya vijiti hivyo. Matuta matatu ya mama yalikuwa chini ya vijiti. Ya jirani zake yalikuwa mengi zaidi. Nilimwambia kwamba chanzo chenyewe, pale kwenye matete, hakuna mwanamke aliyewahi kukigusa tangu enzi za bibi zetu, wao ndio waliokilinda.

"Najua," alisema. "Mama yangu naye ana kinyungu. Lakini nimetumwa."

Wanawake hawakumlaumu yeye, mgeni mwenye kofia ya Serikali. Walinilaumu mimi. Mmoja wao, aliyekuwa amenibeba mgongoni nikiwa mdogo, nilimwamkia njiani akapita. Mwingine aliniambia waziwazi, "Mwalimu, ulituleta machoni pa watu." Mzee wa mianzi peke yake ndiye aliyekuwa bado anataka kuzungumzia filamu. Alitaka kujua kama nitapata nakala yake, ile sehemu yake tu. Nilimjibu kwa ukali, na sikumwomba radhi, na alikufa kabla sijamwomba.

Mwishoni nikapata anwani ya Mzungu kupitia misheni, nikamwandikia kurasa sita. Jibu lilichukua miezi minne. Mkono wake ulikuwa umelegea, herufi zinapanda na kushuka. Aliandika kwamba alipokuwa hospitali aliishiwa, akawauzia picha watu waliosema wanatengeneza filamu za elimu. Hakuona walichokitoa. Aliandika kwamba ana aibu, na kwamba ameniwekea kamera, itafika kwa njia ya duka moja la Makambako. Ilifika kweli, ndani ya sanduku lililojaa vumbi la mbao. Hapakuwa na mkanda hata mmoja. Nikauliza kwenye maduka yote ya Makambako na ya Njombe. Walikuwa na mikanda ya picha za kawaida, zile za kusimama wima. Ya kamera yangu mtu mmoja aliniambia labda Nairobi.

Jumamosi moja nilimpelekea mama ile barua, nikamsomea kwa Kibena, sentensi kwa sentensi. Alikuwa anachambua mbegu kwenye ungo. Nilipofika mahali pa aibu alinyanyua kichwa.

"Mguu wake umepona?" aliuliza.

"Hakusema."

"Mwandikie umuulize."

Nilimwambia nina mpango. Nitapata mkanda, Nairobi au popote, nitaipiga upya filamu, yote, kwa maneno yetu wenyewe, nitaizungusha Mdandu, Njombe, Makambako. Nilizungumza muda mrefu, nikatembea huku na huku pale uani. Yeye aliendelea kupepeta.

"Vile vijiti vya yule bwana vimeng'oka kwa maji," alisema nilipomaliza. "Wenzangu wamekwisha kurudi chini. Mimi mfereji wa chini umeziba tangu mwaka juzi, na mgongo hauniruhusu. Jembe la baba yako liko nyuma ya mlango."

Nilitaka kumwambia kwamba hajanisikiliza. Nilivua viatu, nikachukua jembe, nikashuka. Mfereji ulikuwa umejaa tope na mizizi ya matete, na mikono yangu ilikuwa ya chaki. Malengelenge yalitoka kabla ya saa nne. Yule mwanamke aliyenipita njiani alikuwa kwenye kinyungu chake ng'ambo ya kijito, akanitazama nikiuzungusha mpini vibaya, akasema nishike karibu na chuma, siyo huku mwishoni. Hilo ndilo neno la kwanza alilonipa tangu vijiti. Nikashika karibu na chuma. Nililima mpaka saa nane mchana, maji yakaanza kupita kidogo kidogo, na hasira yangu ilikuwa haijapungua.